Malkia wa Sauti ya Kuazima

Mtaani walimwita Malkia, na hawakumwita hivyo kwa kejeli, ingawa utani kidogo haukukosekana. Muuza nyama akimwona anakaribia dirisha lake hugonga kisu ubaoni mara mbili na kuwataka wateja wampishe mtukufu. Wazee wa foleni ya dawa humpa kiti. Na yote hayo kwa kazi ya wiki saba aliyoifanya akiwa na miaka ishirini na mbili, halafu hakuifanya tena.

Miaka arobaini na moja iliyopita aliigiza katika filamu moja, moja tu, filamu ya historia, akiwa malkia aliyezingirwa na maadui akakataa kuwakabidhi mji wake. Filamu ile ilizungushwa mashuleni mpaka ikachakaa. Aliyeiona hakusahau ngazi ya mawe, wala yule mwanamke aliyeshuka ngazi ile polepole kana kwamba jeshi lililoko nje limekuja kuomba maji, wala maneno aliyomwambia mjumbe wa adui: "Funguo za mji huu ninazo mimi, na sikufundishwa kumfungulia mtu asiyepiga hodi." Wapangaji walilitumia neno hilo kwa wenye nyumba, na wake kwa waume waliochelewa kurudi.

Basi kila alikokwenda aliombwa aliseme. Muuguzi akiwa anampima shinikizo la damu humwambia, "Mama, hebu tusemee lile la funguo." Malkia hutabasamu, hushika shingo, husema koo linamsumbua leo. Koo lile lilisumbua kwa miaka arobaini na moja.

Sababu ni kwamba sauti ile haikuwa yake. Uso ulikuwa wake, na ngazi alishuka kwa miguu yake mwenyewe, lakini maneno yote yalisomwa baadaye na mwanamke mwingine, msomaji taarifa wa redio, ambaye sasa ni marehemu. Malkia akiongea, watu humkodolea macho wakasema, "Mbona kwenye filamu hukuwa hivi?" Mwishowe aliona afadhali kunyamaza kuliko kueleza.

Habari ya kwamba sauti yake haifai alipewa na mumewe, wakati huo hawajaposana. Yeye ndiye aliyekuwa fundi wa sauti wa filamu ile. Watu walimwita Masikio, na jina lilimkaa sawasawa: mpaka uzeeni aliweza kulala kitandani akakuambia ni bomba la jirani yupi linalodondosha maji. Filamu ilipokwisha kupigwa alimwita chumba cha mashine, akamkalisha, akamwekea kanda. Pale ikatoka sauti nyembamba, ya papara, yenye kulialia, sauti ya mbuzi aliyefungwa kamba fupi. "Ndiyo mimi huyo?" aliuliza. Masikio aliinamisha kichwa. Alisema si kosa lake, sauti nyingine hazishiki kwenye mashine, ndivyo Mungu alivyozigawa. Alilisema kwa upole mno hata msichana akamwonea huruma yeye, kwa kubebeshwa habari mbaya namna ile.

Mwongozaji alikuwa na haraka, na hakuna aliyewahi kubishana na sikio la Masikio. Msomaji taarifa akaletwa. Filamu mbili nyingine alizokuwa ameahidiwa msichana zikayeyuka, na mwaka haukwisha akaolewa na Masikio, maana nani mwingine alikuwa akimfariji?

Baada ya hapo alifanya kazi miaka thelathini kwenye chumba cha kufulia cha hoteli kubwa, akipitisha mashuka kwenye pasi ndefu ya mvuke, mahali ambapo mashine zilinguruma kutwa na hakuna aliyehitaji sauti ya mtu. Alilea watoto watatu na hakuwaimbia; aliwanong'oneza mpaka wakalala. Katika harusi za wote watatu Masikio ndiye aliyeshika maikrofoni kwa niaba ya wazazi wote wawili, akaanza na mzaha ule ule: "Mama yenu na maikrofoni hawaivi, kwa hiyo mtavumilia kunisikia mimi." Watu walicheka, na Malkia alicheka, na chini ya meza alimbana mumewe mkono kumshukuru kwa kumwepusha na aibu. Alimshukuru, jamani.

Sasa, mwaka huu ikaja barua kutoka jumba la kuhifadhia filamu. Ilisema filamu yake inasafishwa upya, itaonyeshwa ukumbi mkubwa, na kwamba wamepata masanduku ya kanda za sauti ambazo wangependa azisikilize. Barua ilipokewa na Masikio mlangoni. Siku tatu baadaye Malkia, akifuta vumbi, aliikuta chini ya redio ambayo mumewe alikuwa akiitengeneza. Masikio alisema aliisahau. Mtu anayekumbuka mlio wa bomba la jirani, barua aliisahau! Kisha akasema kule kuna vumbi, kifua cha mkewe hakitalipenda. Kisha akasema goti lake mwenyewe linauma, hataweza kumsindikiza. Chakula cha mchana siku ile alikipapasa tu kwa kijiko.

Malkia alikwenda peke yake. Jumba lenyewe lilikuwa ofisi ya zamani yenye korido ndefu, na chumba cha filamu kilikuwa na baridi na harufu kali ya siki, ambayo aliambiwa ndiyo harufu ya filamu zinazozeeka. Aliyempokea alikuwa mwanamke wa makamo, fundi wa kusafisha filamu, mwenye glavu za pamba na miwani aliyoisukumia kichwani. Alimpa kiti, akamweleza kwa furaha jinsi kanda zilivyopona. Ilitolewa amri zitupwe, lakini mtunza stoo wa siku zile alikuwa mtu asiyetupa hata kizibo bila karatasi yenye sahihi mbili. Ya kwanza ilikuwapo. Ya pili, ya mwongozaji, haikuja, na mtunza stoo akaziweka rafu ya juu kungoja.

"Sahihi ya kwanza ilikuwa ya nani?" Malkia aliuliza.

Fundi alimsogezea sanduku. Juu ya kifuniko pameandikwa kwa kalamu nene: MBOVU. ZITUPWE. Malkia hakuhitaji kusoma sahihi. Herufi zile, zenye M iliyolazwa ubavu, zimeandikwa kwenye makopo yote ya skrubu nyumbani kwake.

Hakushtuka bado. Kanda zake ni mbovu, hilo analijua tangu zamani, na aliyesema ni huyo huyo. Fundi akawasha mashine.

Kwanza ilisikika sauti ya mwanamume kijana. "Onyesho la ishirini na sita, mara ya kwanza." Ndivyo mafundi wa sauti walivyofanya kazi siku zile: kabla ya kipande kuigizwa husema kwenye kanda ni kipande gani na kinapigwa mara ya ngapi, na kikiisha husema hukumu yake, nzuri au mbovu, ili mkataji wa filamu asihangaike. Malkia akatabasamu bila kutaka kumsikia mumewe mbichi namna ile. Halafu mwanamke akaanza kuongea. Alikuwa na sauti nzito kidogo, pana, isiyo na haraka, yenye mkwaruzo mdogo mwishoni mwa sentensi. Alisema funguo za mji anazo yeye, na Malkia, aliyelichoka neno hilo kuliko mtu yeyote duniani, akasisimka mwili.

"Huyo ni nani?" aliuliza.

"Ni wewe, mama."

Alitaka kubisha. Lakini kwenye kanda yule mwanamke alikohoa, akamuuliza mtu kama arudie, na kikohozi cha mtu hakibadiliki. Ndipo ile sauti ya kijana ikarudi, karibu kabisa na maikrofoni, ikasema: "Nzuri."

Fundi aliweka ya pili. Nzuri. Ya tatu kulipita ndege angani, mbovu. Ya nne: "Nzuri sana. Hii isiguswe." Walisikiliza saa mbili. Masanduku yalikuwa kumi na tisa, na kwenye yote, nje yakisema mbovu, ndani kijana yule yule alisema nzuri, nzuri, nzuri, kama mtu anayeonja mchuzi asiweze kuacha. Malkia alijikuta ameshika ukingo wa meza kwa mikono miwili. Kikulacho ki nguoni mwako, wamesema wahenga, na yeye nguo yenyewe alikuwa akiifua na kuipiga pasi.

Wahenga hao hao wamesema njia ya mwongo ni fupi. Labda ya wengine. Ya huyu ilikuwa na urefu wa miaka arobaini na moja, pamoja na posa, harusi, na watoto watatu.

Alipofika nyumbani Masikio alikuwa mezani kwake pembeni mwa sebule, na redio iliyofunguliwa mbele yake, lakini chuma cha kuchomelea kilikuwa baridi. Hakuwa akifanya kazi yoyote. Alikuwa amekaa akimngoja.

"Nimezisikiliza," Malkia alisema. "Zote. Nataka uniambie kitu kimoja. Siku ile uliponiita chumba cha mashine, kile ulichonisikilizisha kilikuwa nini?"

"Ulikuwa wewe."

"Usinizungushe."

Masikio alivua miwani akaiweka mezani. "Niliongeza kasi ya mashine," alisema. "Kidogo."

"Kidogo kiasi gani?"

Akamwonyesha kwa vidole viwili, kama mtu anayeonyesha chumvi ya kutia. Malkia aliviangalia vile vidole. Nafasi ile ndogo kati yake ilitosha kuyameza maisha yake yote.

Masikio alianza kueleza, na alieleza mengi, maana alikuwa na muda mrefu wa kuyapanga. Mwongozaji alikuwa amemwandalia msichana mkataba tayari, miaka mitatu, nchi ya mbali, filamu mbili na pengine zaidi. Yeye Masikio alikuwa fundi tu, hana jina wala nauli ya kumfuata. Alimpenda tangu siku ya kwanza alipomvalisha maikrofoni, na kila aliposema nzuri kwenye kanda aliona ndivyo anavyomsogeza mbali naye. Hakukusudia iwe milele. Alidhani atamwambia baada ya harusi, halafu baada ya mtoto wa kwanza, halafu ikawa kila mwaka ugumu unaongezeka.

"Ungeondoka," alisema.

"Ungeniomba nibaki."

"Ungekataa."

"Basi ningekataa. Lilikuwa jibu langu, baba watoto. Halikuwa lako."

Malkia aliingia chumbani akakaa kitandani na viatu vyake. Alilia, lakini hasira ilimkatisha kilio. Uongo wa siku moja angeuita ujana. Vijana hufanya mambo ya kipumbavu wakipenda, hata yeye alifanya. Lakini huu haukuwa wa siku moja. Huu ulipaliliwa na kumwagiliwa. Kila maikrofoni iliyokaribia mkono wake, mtu huyu aliifikia kwanza. Kila alipojaribu kuimba akiosha vyombo, mtu huyu, mwenye masikio yale, alikuwa chumba cha pili akisikia uzuri wake peke yake, akanyamaza. Hata mara moja hakusema nzuri. Kwenye kanda alisema mara mia, kwa mkewe hakusema hata moja. Hili ndilo lililomuuma kuliko filamu zote ambazo hakuigiza.

Siku ya tatu alikuja binti yao mkubwa, mwalimu mkuu wa shule, mtu aliyezoea kusuluhisha. Alikuwa ameshaongea na baba yake. Alimweleza mama kwamba jumba la filamu linataka kuonyesha filamu kwa sauti yake ya asili, na kwamba wataandika karatasi ya kugawia watu ukumbini, ieleze kanda zilipotelea wapi na zilipatikanaje. Lakini hawatafanya lolote asipokubali yeye. Baba alikuwa na ombi. Waiache ibaki sauti ile ya zamani, ambayo watu wameshaizoea, kwa heshima ya marehemu msomaji taarifa.

"Tangu lini baba yako akawa na heshima ya marehemu?" Malkia aliuliza.

Binti alivuta pumzi. "Mama, yaliyopita si ndwele. Baba ana miaka sabini na tatu. Kila siku anakwenda kwa kinyozi, anakaa pale barazani na wenzake. Unataka wamsome kwenye karatasi?"

"Mimi nimesomwa na watu wote hao miaka yote. Malkia asiye na sauti. Sikufa."

"Alikupenda, mama."

"Alinipenda nikiwa bubu."

Binti akatoa neno alilokuwa amelificha mwisho, kama walimu wanavyojua kufanya. Alisema, "Ungekwenda huko, sisi watatu tusingezaliwa."

Neno hilo lilimkata Malkia kwa sababu lilikuwa kweli, na kwa sababu alilijua kabla ya binti kulisema. Alikuwa amelirudiarudia kitandani siku tatu mfululizo. Alimshika binti yake mkono. "Nyinyi siwajutii hata kidogo," alimwambia. "Lakini mwambie baba yako asijifiche nyuma yenu. Ni mtu mzima, asimame mwenyewe."

Binti aliondoka bila kuambiwa ni sauti ipi itatumika. Siku mbili zilizofuata nyumba ilikuwa na adabu ya hospitali. Masikio alichota maji bila kuambiwa, alikunja mashuka, tena vibaya, na Malkia aliyakunjua akayakunja upya mbele yake. Hawakugombana. Waliulizana tu kama chumvi imetosha.

Alhamisi, wako mezani mchana, simu ikalia. Alikuwa fundi wa filamu. Alisema kwa kuombaomba radhi kwamba maonyesho ni Jumamosi, hawezi kungoja zaidi, lazima ajue ni sauti ipi. Malkia angeweza kutoka nje na simu. Hakutoka. Masikio, upande wa pili wa meza, alikuwa ameacha kutafuna, na ilikuwa wazi anasikia pande zote mbili za mazungumzo.

"Wekeni yangu," Malkia alisema. "Yote, tangu mwanzo mpaka mwisho. Na kile kikohozi msikifute."

Fundi alifurahi, ikasikika. Kisha akashusha sauti, akasema kuna jambo lingine. Mwishoni mwa filamu kuna orodha ya majina ya waliofanya kazi, na wakubwa wa ofisi, kwa yaliyojulikana, wanaona jina la fundi wa sauti liondolewe. Kwenye karatasi tayari wameandika kwa tafsida, "zilipotezwa na mtu", basi hata huko jina halitakuwapo. Aseme yeye tu.

Malkia alimtazama mumewe. Mzee alikuwa ameinamia sahani, mabega yamemshuka, mkono umeshika kijiko bila kazi. Kazi ile aliifanya mara moja maishani kwa ukamilifu. Baada yake alitengeneza redio za watu. Jina lile kwenye filamu ile ndilo pekee atakaloliacha duniani. Malkia alilijua hilo kuliko mtu yeyote, kwa kuwa na yeye hana jingine.

"Liacheni," alisema kwenye simu. "Alinirekodi vizuri sana. Hakuna aliyewahi kunisikia kama yeye."

Akakata. Masikio alikuwa analia, machozi yanaingia kwenye ndevu, na alinyoosha mkono juu ya meza kuutafuta wake. "Ahsante, mama watoto," alisema. "Mungu akulipe. Nilijua una moyo wa kusamehe."

Malkia aliuondoa mkono wake. "Usinishukuru," alimwambia. "Yule kijana wa kwenye kanda nimempa haki yake, kazi aliifanya na ukweli aliusema. Wewe ni yule aliyeandika juu ya sanduku. Wewe sijakusamehe, na Jumamosi usije."

Alikusanya sahani zake mwenyewe tu. Alikwisha fika mlango wa jikoni Masikio alipouliza, kwa sauti ambayo haikumfikia vizuri, kama baada ya maonyesho atarudi nyumbani.

Malkia aligeuka. Alimjibu kwamba hajui. Ndiyo ilikuwa kweli yake, na hakuinong'ona. Aliisema kwa sauti yake yote, nzito na pana, na mzee akafumba macho akaisikiliza.